Mpima Damu Aliyekabidhiwa Nchi



Wazee wamesema, mgeni njoo mwenyeji apone. Mwezi huu, ndugu wasomaji, twamleta nyumbani kwenu mgeni kutoka Pemba, si kwa ajili ya kumsifu, kwani sifa za viongozi hazina uchache, bali kwa ajili ya ugonjwa ulio katika nyumba zetu wenyewe hapa Songea, ambao twatumai habari zake zitatusaidia kuutibu. Mgeni huyo ni Dk. Ali Mohamed Shein, aliyekuwa Makamu wa Rais wa Jamhuri ya Muungano wa Tanzania tangu 2001 hata 2010, kisha Rais wa Zanzibar na Mwenyekiti wa Baraza la Mapinduzi tangu 2010 hata 2020. Na ugonjwa wenyewe ni huu: twataka wagonjwa wetu watibiwe na watu wanaoijua heshima ya dini yetu, na wanawake wetu watazamwe na wanawake wenzao, lakini watoto wetu wakitaka kwenda kuisomea kazi hiyo, sisi ndio wa kwanza kuwafungia mlango.

Safari ya kijana wa Chokocho

Dk. Shein alizaliwa tarehe 13 Machi 1948 katika kijiji cha Chokocho, kusini ya kisiwa cha Pemba. Pemba ni nchi ya mikarafuu na ya vyuo vya Kurani, na mtoto wa huko, kama mtoto wa kwetu, aghlabu huijua alifu kabla hajaijua a. Akasoma skuli za kisiwani kwao, kisha akavuka bahari kwenda Unguja kusoma katika Chuo cha Lumumba, ambacho wakati huo kilikuwa miongoni mwa skuli kubwa za sekondari za Zanzibar.

Mwaka 1969, akiwa kijana wa miaka 21, alipelekwa kusoma Urusi ya Kisovieti. Hapa twamwomba msomaji atulie kidogo, ajiweke mahali pa mzazi. Mtoto aliyezaliwa kando ya Bahari ya Hindi anakwenda Voronezh, mji ambao wakati wa baridi mto wake huganda ukawa kama jiwe. Anakwenda kujifunza lugha asiyoijua hata neno moja, ili aweze kusomeshwa kwa lugha hiyo. Na juu ya hayo, anakwenda katika nchi ambayo dola yake ilikuwa ikifundisha hadharani kwamba hakuna Mungu. Ni baba gani asiyeingiwa na hofu? Ni mama gani asiyekesha akiomba? Baada ya kujifunza Kirusi alihamia Chuo Kikuu cha Odessa, mji ulio pwani ya Bahari Nyeusi, ambao leo umo katika nchi ya Ukraine, akasomea kemia ya mwili wa binadamu kwa ajili ya utabibu. Alihitimu mwaka 1975 akarejea Zanzibar.

Alirejea na dini yake. Watu wa Zanzibar walimwona miaka yote ya urais wake akiswali pamoja nao na akihutubia Baraza la Idi mbele ya masheikh na waumini. Twalitaja hili kwa sababu khofu kubwa ya wazazi wetu ni kwamba elimu ya mbali itamla mtoto imani yake. Khofu hiyo si ya kudharauliwa, maana wapo waliopotea. Lakini wapo pia waliopotea bila kutoka nje ya mji wao. Kinachomlinda mtoto ni kile alichopandwa kifuani kabla ya kuondoka, na kazi hiyo ni yetu sisi wazazi na walimu wa madrasa. Tukiwa tumeifanya vizuri tusiogope mno, na tukiwa hatukuifanya, kumweka nyumbani hakutamfaa.

Kazi ya kupima

Yafaa tueleze kazi yake ilikuwa ya namna gani, kwani wengi wakisikia daktari hudhani ni yule anayekaa mezani akaandika dawa. Dk. Shein alikuwa mtu wa maabara, yaani nyumba ya vipimo, katika Wizara ya Afya ya Zanzibar. Mgonjwa alikuwa hamjui jina lake wala hamwoni uso wake. Alichopewa yeye na wenzake ni kichupa cha damu.

Damu ile ikitolewa huachwa igande, kisha hutiwa katika mashine inayoizungusha kwa kasi kubwa, hata chembe nyekundu zikazama chini, na juu yakabaki maji yenye rangi ya manjano hafifu. Katika maji yale Mwenyezi Mungu ameweka habari za mwili mzima. Humo hujulikana sukari imezidi au imepungua; humo huonekana taka ambazo figo zilipaswa kuzitoa nazo hazikuzitoa; humo hujulikana kama ini lina afya au limeumia. Daktari aliye kando ya kitanda, hata akiwa hodari namna gani, bila habari hizi ni kama mtu apitaye msituni usiku pasipo taa. Anaweza kufika, lakini anaweza pia kutumbukia shimoni na mgonjwa wake.

Mpimaji ana sharti moja zito, nalo ni kwamba haruhusiwi kupendelea. Damu ya tajiri na damu ya mchukuzi wa sokoni hupimwa kwa kipimo kimoja. Akipata hesabu isiyompendeza hawezi kuibadili, na akiwa hajapima hawezi kusema. Na sisi Waislamu tumeamrishwa jambo hilo hilo katika Suratul Hujurat, tulipoamrishwa kuichunguza habari kabla ya kuiamini, tusije tukawadhuru watu kwa kutojua halafu tukajuta. Sisi wa Songea twapaswa kuielewa amri hii kuliko wengi. Mwaka 1905 babu zetu waliambiwa kuwa maji ya dawa yatazigeuza risasi za Wajerumani ziwe maji. Ushujaa wao twauheshimu, na makaburi yao yapo hapa mjini kwetu. Lakini habari ile haikupimwa kabla ya vita, ikapimwa vitani, na kipimo chake kikawa ni roho za watu.

Mwaka 1984 Dk. Shein alirudi tena darasani, safari hii Uingereza, katika Chuo Kikuu cha Newcastle upon Tyne, akahitimu shahada ya juu kabisa katika fani yake mwaka 1988. Tazameni: alikuwa na miaka 40, mtu mzima mwenye kazi yake, naye hakuona haya kukaa tena mbele ya mwalimu. Aliporejea aliongoza kazi za vipimo vya maradhi, na katika miaka ya mwanzo ya 1990 akasimamia mpango wa kuzuia UKIMWI huko Zanzibar. Ugonjwa huo ulikuwa umeonekana Visiwani tangu 1986, na wakati ule watu waliutaja kwa kunong'ona. Wagonjwa wakifichwa, na maiti wengine wakiogopwa. Kazi ya kuwaambia watu wa nchi ya Kiislamu ukweli wa ugonjwa uliofunikwa na aibu haikuwa nyepesi. Kwa fadhila za Mwenyezi Mungu, na kwa juhudi za watu wengi, maambukizo Zanzibar yamebaki kuwa ya kiasi cha mtu 1 au pungufu katika kila watu wazima 100.

Kutoka kwenye vipimo hata Ikulu

Mwaka 1995 aliteuliwa kuwa Naibu Waziri wa Afya wa Zanzibar. Tarehe 4 Julai 2001 Makamu wa Rais wa Jamhuri ya Muungano, Dk. Omar Ali Juma, naye pia mtu wa Pemba, alifariki dunia ghafla, Mwenyezi Mungu amrehemu. Siku chache baadaye Dk. Shein akaapishwa kushika mahali pake. Kwa muda wa miaka tisa alikuwa Makamu wa nchi nzima, ya Visiwani na ya Bara, na sisi wa Ruvuma tukiwamo, chini ya Rais Benjamin Mkapa na kisha Rais Jakaya Kikwete. Wengi waliomwona wakati ule walimjua kuwa ni mtu wa maneno machache.

Mwaka 2010 aligombea urais wa Zanzibar. Kabla ya uchaguzi, tarehe 31 Julai, wananchi wa Visiwani walipiga kura ya maoni, wakakubali kuwe na serikali ya pamoja baina ya vyama vilivyokuwa vikigombana miaka mingi, hata damu ikapata kumwagika. Katika uchaguzi wa Oktoba, Dk. Shein alipata asilimia 50.1 na Maalim Seif Sharif Hamad akapata asilimia 49.1. Nchi ilikuwa imegawanyika karibu sawa kwa sawa. Lakini kwa mapatano yale, aliyeshinda akaapishwa kuwa Rais, na aliyeshindwa akawa Makamu wa Kwanza wa Rais, wote wawili wazaliwa wa Pemba, wakakaa katika baraza moja. Kwa miaka mitano nyumba nyingi zilizokuwa hazizikani zikarudi kuzikana.

Hapa hatuna budi kusema na lililo chungu, kwani tumesifu kipimo kisichopendelea, basi na tukitumie. Mapatano yale hayakudumu. Uchaguzi wa tarehe 25 Oktoba 2015 ulifutwa na Mwenyekiti wa Tume ya Uchaguzi ya Zanzibar tarehe 28 Oktoba, kabla matokeo yote hayajatangazwa. Ukarudiwa tarehe 20 Machi 2016, chama cha Maalim Seif kikakataa kushiriki, na Dk. Shein akatangazwa mshindi kwa zaidi ya asilimia 91. Wapo waliosema sheria ilifuatwa, na wapo waliosema haki ilipotea, nao mpaka leo hawajapatana. Sisi hatukuwa mahakimu wa jambo hilo. Twasema hili tu, kwamba yaliyo rahisi katika kichupa cha damu ni magumu katika nchi, na kwamba kila mwenye kutawala ataulizwa mbele ya Mola wake juu ya hesabu zote, zilizosomwa na zisizosomwa.

Katika mema ya utawala wake liko moja ambalo sisi walimu wa Kurani hatuwezi kulipita. Tangu Aprili 2016 Serikali ya Zanzibar ilianza kuwapa wazee wote waliofika miaka 70 posho ya shilingi 20,000 kila mwezi, awe mzee alipata kuwa mtumishi wa Serikali au alikuwa mkulima na mvuvi asiyewahi kuandikwa popote. Fedha hizo hazikuwa nyingi. Lakini kwa bibi aliyekuwa akingoja kukumbukwa na wajukuu, zilikuwa ni chumvi na sabuni na nauli ya kwenda hospitali. Tena mwaka huo huo hospitali ya Abdulla Mzee ya Mkoani, katika wilaya ile ile aliyozaliwa, ilifunguliwa baada ya kujengwa upya kwa msaada wa Serikali ya China.

Novemba 2020, muda wake ulipotimia, alitoka. Aliyemfuata ni Dk. Hussein Ali Mwinyi, naye ni daktari wa tiba aliyesomea Uturuki, na baba yake, Alhaji Ali Hassan Mwinyi, kabla ya kuwa Rais alipata kuwa Waziri wa Afya.

Sasa turudi nyumbani

Imamu Ghazali, aliyefariki mwaka 505 wa Hijra, alieleza katika kitabu chake kikubwa cha Ihya kwamba utabibu ni faradhi kifaya: wakiwapo wanaoujua, wengine wamesamehewa, wasipokuwapo, mji mzima una madhambi. Akalalamika kwamba miji mingi ya Waislamu wa wakati wake haikuwa na tabibu ila asiyekuwa Mwislamu, na watu wote wakasongamana katika elimu ya fiqhi, ambayo wenye kuijua walikuwa tayari wengi. Maneno hayo yana zaidi ya miaka 900, na mtu angeweza kudhani yameandikwa Songea. Wengi wetu tumezaliwa au tumetibiwa Peramiho, katika hospitali ya Wamisionari wa Kibenediktini, waliofika pale mwaka 1898. Walitutibu bila kutuuliza dini yetu, nasi twawashukuru, kwani asiyewashukuru watu hamshukuru Mungu. Lakini shukrani kwa jirani haikuondolei wajibu wako wa kulima shamba lako.

Na katika kuacha shamba hilo, sisi wenyewe tuna kosa, na twaliandika hapa ili liwe onyo. Kiasi cha miaka 18 iliyopita alitujia mzazi mmoja, rafiki yetu. Binti yake, mwanafunzi wetu aliyekuwa amekwisha hifadhi juzuu 12, alikuwa amepata nafasi ya kwenda kusomea kazi ya maabara, mbali na mkoa huu. Baba akasema, "Mwalimu, nipe shauri, nami nitalifuata." Tukamwambia amzuie. Tukasema kazi ya kushika damu na mikojo ya watu haimfai binti aliyebeba Kurani kifuani, na kwamba huko aendako hatuna wa kumtazama. Baba alifuata shauri letu. Binti hakusema neno. Aliolewa, akapata watoto, na mpaka leo akitupita njiani hutuamkia kwa adabu.

Ikapita miaka. Mwanamke mmoja wa nyumba yetu akaugua, akawa akinywa maji bila kukata kiu na akidhoofika. Tulipompeleka kupimwa, aliyekuwa zamu alikuwa kijana mwanamume, mwenye adabu zake. Mgonjwa akakataa kuguswa, nasi tukamuunga mkono, tukauliza kama hakuna mwanamke. Hakuwapo. Tukakaa tukingoja tangu asubuhi hata alasiri. Sisi tunaowafundisha watoto kwamba dharura huhalalisha yaliyokatazwa, hukumu hiyo tuliisahau saa ile ile tuliyoihitaji. Jioni mgonjwa akaanza kupotewa na fahamu, na yule kijana akampima, wala hakufanya ila la heshima. Sukari ilikuwa imepanda mno. Alhamdulillahi alipona, lakini alilazwa siku nyingi, na nyingine katika hizo tulizileta sisi kwa kungoja kwetu.

Tulipokuwa tumekaa kwenye ubao ule wa nje tulimkumbuka yule binti. Mwanamke tuliyekuwa tukimtafuta siku nzima, tulikuwa tumemzuia wenyewe.

Basi, ndugu zetu wazazi, shauri letu la leo ni kinyume cha shauri letu la siku ile. Mtoto anayependa hesabu, kemia na baiolojia, wa kiume au wa kike, msimvunje moyo. Msimwambie kuwa kazi ya kupima damu na mkojo ni kazi ya uchafu. Uchafu huoshwa kwa maji, lakini aliyekufa kwa kutojulikana ugonjwa wake harudi. Mtume (S.A.W.) ametufundisha kuwa Mwenyezi Mungu hakuteremsha ugonjwa bila kuteremsha dawa yake, na dawa itapatikanaje kabla ugonjwa haujajulikana? Na katika zama zake bibi Rufaida wa kabila la Aslam aliwauguza majeruhi katika hema iliyopigwa msikitini Madina, wala hakuna aliyesema kuwa kazi ile imemshushia daraja.

Nasi walimu wa madrasa tuna fungu letu. Tusipange darasa saa ambazo mtoto ana masomo ya sayansi, halafu tukamwita mtoro. Sisi tumekwisha hamisha darasa la wakubwa likawa baada ya alasiri na siku za Jumamosi na Jumapili. Na mtoto akipata nafasi ya mbali, badala ya kusema hatuna wa kumtazama, tumtafute huyo wa kumtazama: tuandike barua kwa msikiti wa huko, tuulize jamaa, tumkabidhi kwa nyumba ya watu wema. Si kila atakayekwenda atarudi awe Rais. Dk. Shein mwenyewe alikaa na vichupa miaka mingi kabla mtu hajafikiri kumpa nchi, na lau asingepewa, kazi ile peke yake ingetosha kuwa ibada.

Tulikwenda kwa yule rafiki yetu tukamtaka radhi. Akatusamehe, na akatueleza jambo ambalo hatukulijua, kwamba binti yake ana binti yake, aliye darasa la saba sasa, ambaye daftari lake la sayansi halina alama ya kosa. Mtoto huyo husoma madrasani kwetu. Amefika juzuu ya tatu. Tumemwambia babu yake kwamba siku itakapokuja barua ya kumwita shule, asije kutuuliza shauri, aje tu kutuomba dua.

Mwenyezi Mungu awape watoto wetu elimu yenye manufaa, ya dini na ya dunia, awaponye wagonjwa wetu, na atusamehe tuliyoyashauri kwa kutojua. Amin.